Usiache nywila kwenye mazingira ya programu

Kwa miaka mingi nilishika desturi moja: nywila nazitoa kwenye msimbo wa programu, naziweka kwenye vigeu vya mazingira (thamani ambazo programu hupewa inapoanza), kisha nalala usingizi. Mpaka siku niliyoitwa kukagua seva ya mteja mmoja. Tovuti yake ya zamani ilikuwa na tundu linalomwezesha mgeni yeyote kusoma mafaili. Nikaingia kwa akaunti ya tovuti hiyo, www-data, nikaandika amri hii ya kusoma vigeu vya programu:

tr '\0' '\n' < /proc/1842/environ

1842 ilikuwa namba ya programu nyingine kabisa, ile ya malipo. Mstari wa nne ukaja DB_PASSWORD, kigeu cha nywila ya hifadhidata, na nywila nzima mbele yake, herufi kwa herufi. Moyo ulinipasuka. Programu zote mbili ziliendeshwa kwa akaunti moja.

Kwenye faili hilo la environ, Linux, mfumo unaoendesha seva, huhifadhi mazingira ambayo programu ilianza nayo. Ruhusa zake ni 0400, yaani mwenye faili tu ndiye anayeruhusiwa kulisoma, kwa hiyo jirani mwenye akaunti tofauti hafui dafu. Lakini mwenye akaunti ileile anasoma, na root, msimamizi mkuu wa seva, anasoma. Kukifuta kigeu baada ya programu kuanza mara nyingi hakusaidii. Nakala ya mwanzo hubaki palepale. Tena kuna urithi: programu ikizaa nyingine, mtoto hupokea vyote, hata kile kiprogramu cha kupunguza picha kisichohusika na malipo hata kidogo. Na ukiandika nywila kwenye mstari wa Environment= wa systemd, programu inayowasha na kusimamia huduma za Linux, mtumiaji yeyote wa seva anaweza kuiona kwa systemctl show.

Ushauri wangu: kila huduma ipewe akaunti yake. Hili lifanye leo, hata kama mengine utayafanya kesho. Kisha hamishia siri kwenye faili la ruhusa 0400, programu ilisome yenyewe. Kama systemd yako ni toleo la 247 au jipya zaidi, tumia mpangilio wake wa LoadCredential=; huduma itapewa siri kama faili, na kigeu CREDENTIALS_DIRECTORY kitabeba njia ya kulifikia tu. Nakusihi usikimbilie kuiandika nywila kwenye amri ya kuwashia programu. Amri hiyo hukaa kwenye faili kama /proc/1842/cmdline ambalo, kwa kawaida, husomwa na kila mtu kwenye seva.

Kwa mteja yule tulibadilisha nywila usiku uleule kabla ya kugusa kitu kingine, maana hatukuwa na njia ya kujua nani alishaisoma.