Ramu Iwe ya Mwisho: Matunda ya Viungo kwa Siku za Joto

Wiki hii msomaji mmoja ameniandikia akilalamika. "Dada, nimefuata maelekezo yako ya matunda ya kiangazi, nikaongeza ramu kidogo ili yakolee, yakawa kama dawa ya kikohozi. Wageni walionja kijiko kimoja wakaomba maji." Nikamuuliza hicho kidogo ni kiasi gani. Akanijibu: nusu chupa.

Nilicheka peke yangu jikoni, kisha nikaona nimjibu hadharani, maana najua hayuko peke yake. Na kwa kuwa Jumamosi iliyopita bakuli langu lilirudi jikoni likiwa limepanguswa kwa kidole, mtaniruhusu nijivune kidogo.

Nianze na wifi yangu. Yeye ndiye mwokaji wa ukoo. Keki zake zinasifiwa tangu kabla sijaolewa, na ninazisifu pia, sina kinyongo na keki. Kwa miaka mingi, shughuli yoyote ya familia ikipangwa, yeye aliandikwa "keki" na mimi nikaandikwa "matunda", kwa namna ile ile ambayo mtu mwingine huandikwa "viti". Siku moja nikasema kitindamlo nitaleta mimi, na kitakuwa cha matunda. Akaniuliza mbele ya watu, kwa ule upole unaouma kuliko tusi: "Kwani kukata matunda nako ni kupika?" Watu wakacheka. Mume wangu naye akacheka, jambo tulilolizungumza vizuri tuliporudi nyumbani.

Nakiri kwamba lile neno bado linanichoma. Lakini lilinipa kazi. Nilijiuliza: katika joto lile ambalo hata kuwasha jiko ni adhabu, nani hasa anatamani kipande cha keki yenye siagi? Keki ina msimu wake, na msimu huo si wa jua la utosi. Mwili unataka kitu cha baridi, chenye maji, chenye ukali kidogo wa ndimu. Tatizo ni kwamba matunda matupu kwenye bakuli huonekana kama uvivu, na wifi yangu alikuwa ameliona hilo kabla yangu. Yalihitaji kitu cha kuyashika pamoja, kitu kinachomfanya mtu asimamishe mazungumzo akiwa na kijiko mdomoni. Najua hata wewe unayesoma unakitaka kimya hicho. Usingefika mpaka hapa kama unatafuta saladi.

Tuje kwenye tunda, kwa sababu hapo ndipo wengi wanapojidanganya. Kuna imani kwamba pombe inaokoa tunda baya, kwamba embe lisilo na ladha likilowekwa litafufuka. Halifufuki. Linabaki lile lile, sasa likinuka ramu. Chagua tunda lililoiva ila bado limekaza: embe linalonukia kwenye kikonyo, pichi inayobonyea kidogo tu chini ya kidole gumba, nanasi lenye harufu tamu kitakoni. Lililoiva kupita kiasi litakuwa rojo kabla wageni hawajakaa. Mimi napenda aina mbili au tatu, basi. Ukichanganya aina saba unapata ladha moja isiyo na jina.

Kwa kilo 1 ya matunda yaliyokwisha kumenywa na kukatwa, ambayo ni bakuli la watu 6, natumia gramu 100 za sukari, mililita 150 za maji, kijiti kimoja cha mdalasini, iliki 5 zilizopasuliwa, karafuu 2, vipande vichache vya tangawizi mbichi na ganda la limau moja lililochunwa jembamba, bila ule utando mweupe wa ndani ambao ni mchungu. Naweka vyote kwenye sufuria ndogo, nachemsha kwa moto mdogo dakika 5, nazima, nafunika, naondoka. Dakika 30 sufuria haifunguliwi. Hizo dakika 30 ndizo watu wanazoruka, halafu wanalalamika kwamba viungo havisikiki na kuongeza karafuu.

Kuhusu karafuu, tafadhali. Ukisoma 2 ukatamani kuweka 6, zuia mkono. Ndani yake mna yujenoli, kemikali ile ile ambayo madaktari wa meno huitumia kutuliza maumivu, na ukizidisha ulimi unaanza kufa ganzi kabla haujafika kwenye embe. Mdalasini nao uwe kijiti, sio unga. Unga hauyeyuki, unaelea, unaganda kwenye kuta za bakuli, na unaacha mchanga mdomoni. Ukitaka ukali zaidi, ponda punje chache za pilipili manga uzichemshe pamoja na vingine. Pamoja na nanasi au stroberi, pilipili manga hufanya kazi ambayo watu hawaitarajii, nami huwa siwaambii mpaka wamalize. Na chumvi, chembe ndogo tu, hata kama unaniona nimechanganyikiwa.

Shira ikishapoa, chuja. Nimesema ikishapoa, na kupoa maana yake unagusa sufuria husikii joto lolote. Hapo ndipo ramu inaingia, mililita 75, sawa na vijiko 5 vya chakula. Vijiko, ndugu yangu wa nusu chupa. Kisha kamulia ndimu moja, mimina juu ya matunda, funika, tia kwenye friji.

Kwa nini ramu iwe ya mwisho? Alkoholi huchemka kwenye nyuzi 78, maji kwenye nyuzi 100, kwa hiyo ukiimimina kwenye shira inayotokota, harufu yote nzuri uliyoinunua inapanda darini, nawe unabakiwa na uchungu. Jikoni kutanukia vizuri sana, hilo sikatai. Shira ya moto pia inapika tunda, na tunda likipikwa unakuwa umetengeneza jamu nyepesi. Na kwa nini iwe kidogo? Harufu nyingi za matunda na viungo huchukuana na alkoholi vizuri kuliko maji. Alkoholi ikiwa kidogo inazinyanyua mpaka puani. Ikizidi inazikamata zisitoke, na kinachobaki ni ule moto wa kooni. Ndiyo maana nusu chupa haikuwapa wageni wa msomaji wangu ladha zaidi. Iliwanyang'anya.

Wanaonijua wanajua mimi ni mtu wa ramu nyeusi na embe. Lakini pichi na zabibu zinapenda mvinyo mweupe, stroberi na plamu zinapenda mwekundu, na machungwa yanakubaliana sana na brandi. Mvinyo una alkoholi ya asilimia 12 au 13 hivi, ramu 40, kwa hiyo vipimo havilingani: kwa mvinyo, punguza maji ya shira yawe nusu, halafu ongeza mililita 200 za mvinyo shira ikishapoa. Si lazima uwe wa bei ya kutisha. Uwe tu ule unaoweza kuunywa bila kukunja uso.

Sasa muda. Embe, nanasi, pichi na plamu hukaa kwenye shira saa 2 mpaka 4. Sukari inavuta maji kutoka kwenye tunda, shira nayo inaingia polepole, na katika muda huo vinazoeana. Stroberi zinahitaji nusu saa tu, zaidi ya hapo zinapauka na kulegea, rangi yao yote imehamia kwenye shira. Tikiti maji ingiza dakika za mwisho. Ndizi usiingize kabisa. Na ukipenda kuweka malai juu ya nanasi bichi, yaweke mezani wakati wa kula, usiyachanganye mapema: nanasi lina kimeng'enya kinachovunja protini za maziwa, ukiyaacha pamoja malai yanakuwa machungu. Papai nalo lina tabia hiyo hiyo.

Kitu kimoja zaidi kabla sijarudi kwenye Jumamosi yangu. Toa bakuli kwenye friji dakika 15 kabla ya kupakua. Ubaridi mkali unafifisha utamu na kufunga harufu, kwa hiyo unaweza kufanya kazi yote hii halafu watu wakala barafu isiyo na habari.

Jumamosi ilikuwa ya joto la kufa mtu. Wifi alileta keki yake, ya kupendeza kama kawaida, na krimu yake ilianza kuteleza pembeni kabla ya chakula. Mimi nilileta bakuli la kioo: embe, pichi, iliki, tangawizi, ramu. Niliweka mezani bila kusema neno, maana nimejifunza kutokujitetea kabla sijashtakiwa. Sitawachosha na mengine ya katikati. Lililo la maana ni kwamba nilipopita jikoni nilimkuta wifi yangu, yeye mwenyewe, ameinamisha bakuli langu anakunywa shira iliyobaki chini. Tulitazamana. Akasema, "Hii umeipikaje?"

Umeipikaje. Nimeliandika neno hilo mahali.

Sasa niseme na ninyi wenye haraka. Ninapokea jumbe nyingi za watu wanaotaka kushangaza wageni, na nusu yao wanaanza na chupa. Wanataka chupa ionekane, wanataka mtu aseme "lo, hii kali". Ndugu zangu, mgeni aliyekunja uso hajashangaa, ameumia. Anza na tunda, kisha shira, ramu iwe ya mwisho na iwe kidogo. Nimeshasema mara ngapi? Nitasema tena mwaka ujao.

Na waambie watu kuna nini ndani. Hili silifanyii mzaha. Kitindamlo hiki hakipikwi baada ya kuwekwa pombe, kwa hiyo pombe yote ipo. Mililita 75 za ramu ya asilimia 40 ni mililita 30 za alkoholi tupu. Zikigawanywa kwa watu 6 ni mililita 5 kila mmoja, na anayekunywa shira ya chini, sitaji jina, anapata zaidi. Msiniambie mtaichemsha iishe. Kwa jedwali za Idara ya Kilimo ya Marekani, chakula kilichochemka taratibu dakika 15 bado kina kama asilimia 40 ya pombe iliyowekwa, na baada ya saa nzima bado asilimia 25. Hata kuiwasha moto ule wa kujionyesha kunaacha asilimia 75. Wapo watoto, wapo wajawazito, wapo wanaotumia dawa, wapo watakaoendesha gari, na wapo ambao dini yao imewakataza. Kumlisha mtu pombe bila kumwambia ni dhuluma, hata ikiwa tamu namna gani. Mimi natengeneza bakuli mbili: shira ni ile ile, naigawa kabla ramu haijaingia, ya pili naikamulia machungwa na kuongeza tangawizi ili iwe na ukali wake. Bakuli hilo la pili huisha haraka vilevile. Nalo nalilinda kwa kijiko chake, maana daima yupo mtu wa kuchovya huku na huku.

Yakibaki, funika na uyarudishe kwenye friji. Siku ya pili bado ni mazuri ingawa yamelegea, ya tatu yasage. Shira iliyobaki mimina kwenye chombo kipana, uweke kwenye friza. Haitaganda kuwa jiwe, kwa sababu alkoholi yenyewe huganda chini ya nyuzi hasi 100 na friza za nyumbani hufika hasi 18 tu. Kwangua kwa uma kila baada ya nusu saa mpaka iwe chembechembe. Haitoshi watu wengi, kwa hiyo usiitangaze.