Katika filamu za Latvia, «direktors» ni nani?

SWALI: Ninapotazama filamu za zamani za Latvia, katika orodha ya majina humwona mtu mmoja akitajwa kuwa režisors na mwingine kuwa direktors. Nilidhani huyo wa pili ndiye mwongozaji. Je, kazi yake hasa ni ipi?
Msomaji, Tanga

JIBU: Ndugu msomaji, mwongozaji ni režisors. Filmas direktors ni yule ambaye sisi tungemwita meneja wa uzalishaji, na cheo hicho ni urithi wa mfumo wa Kisovieti, ambamo kila filamu ya Studio ya Riga ilikabidhiwa mtu mmoja wa kuchunga bajeti, ratiba, usafiri, vibali na malazi ya kikosi kizima.

Chukua mtaa wa Jauniela, katika mji mkongwe wa Riga, ambao mwaka 1979 uligeuzwa kuwa Baker Street ya London katika filamu za Kisovieti za Sherlock Holmes. Mtazamaji humkumbuka mpelelezi na bomba lake la tumbaku. Lakini ili mtaa wanamoishi watu ufungwe, vibao vya maduka vibadilishwe na magari ya farasi yafike kabla ya mwanga kupotea, lazima awepo mtu aliyekwisha kubisha hodi kila mlango. Mwanga wenyewe ni mtihani mkubwa kuliko fedha, kwa maoni yangu, kwa kuwa mwezi Desemba mchana wa Riga hudumu kwa takriban saa 7 tu, ilhali mwezi Juni hukaribia saa 18, na ratiba iliyopangwa bila kulizingatia hilo huvunjika siku ya kwanza.

Baada ya uhuru kurejea mwaka 1991, ruzuku ya Moscow ilikatika, na meneja aliyezoea kuagiza mavazi, taa na mafundi kutoka ndani ya studio moja akalazimika kukodi kila kitu kwa mkataba. Ndiyo maana ninauthamini sana mji wa maigizo wa Cinevilla, karibu na Tukums, uliojengwa mwaka 2004 kwa ajili ya filamu ya Rīgas sargi, iliyotoka mwaka 2007: haukubomolewa kazi ilipokwisha, na vikosi vingine vimeendelea kurekodi humo, katika mitaa isiyo na wakazi wa kuombwa radhi.