SoftICE haipo tena: anayeanza kuandika draiva aanzie wapi?

Vijana wanaoanza kuandika draiva za Windows (programu zinazouwezesha mfumo kutumia vifaa vya kompyuta) huniuliza waipate wapi SoftICE, dibaga yaani programu ya kusaka makosa, maana wameikuta ikisifiwa kwenye mafunzo ya zamani. Huwaambia waachane nayo, ingawa mimi mwenyewe kazi hii niliijulia humo na bado naiheshimu.

NuMega ya Marekani iliitoa mwaka 1987, enzi za DOS. Baadaye, kwenye Windows, ulibonyeza Ctrl+D na kila kitu kikasimama, hata kipanya. Likajitokeza dirisha la maandishi lenye rejista, kumbukumbu na msimbo. Ukaandika bpx na jina la funksheni, ukabonyeza F5, kazi zikaendelea mpaka funksheni ile ilipoitwa, mashine ikasimama tena. Yote kwenye kompyuta moja! Dibaga ya kerneli (kiini cha mfumo) ya Microsoft ilitaka kompyuta mbili na kebo ya siriali kati yake, na ya pili wengi wetu hatukuwa nayo.

Lakini ili ikae chini ya Windows, SoftICE ilibidi iiguse kerneli mahali ambapo Microsoft haikumwahidi mtu yeyote kwamba hapatabadilika. Kila toleo jipya lilikuwa kazi mpya. Compuware iliinunua NuMega mwaka 1997, na Aprili 2006 ikaacha kuiuza. Kufikia hapo WinDbg, dibaga ya Microsoft, ilikuwa ya bure, Windows za biti 64 zilikuja na PatchGuard inayouangusha mfumo ikigundua kerneli imechezewa, na VMware, programu ya kuunda kompyuta pepe, ilishaigeuza kompyuta ya pili kuwa dirisha tu. Nani angeendelea kulipia?

Kwa hiyo anza na WinDbg na kompyuta pepe. Ndani yake endesha amri bcdedit /debug on ili ikubali dibaga, kisha iunganishe na WinDbg kwa mtandao. Hilo linawezekana tangu Windows 8. Kabla ya lolote, weka njia ya simboli za Microsoft (mafaili yenye majina ya funksheni), la sivyo steki, yaani orodha ya funksheni zilizoitana, utaiona namba tupu.

Halafu andika draiva inayosoma anwani sifuri, uangushe mfumo kwa makusudi. Endesha !analyze -v, amri ya WinDbg ya kuchambua mwanguko, ila usilipokee jibu lake hivi hivi: andika k ili ikuonyeshe steki, uisome mwenyewe kutoka chini kwenda juu. Mara nyingi draiva inayotajwa ndiyo iliyokuta kumbukumbu imeshaharibiwa na nyingine. Ukishuku hivyo, washa Driver Verifier, chombo cha Windows cha kukagua draiva, kwa draiva unayoishuku na urudie jaribio; safari hii mfumo una nafasi kubwa ya kuanguka palepale kosa linapotendeka.