Gavana bado yuko kitini, mwamng'atua vipi?

SWALI: Mwalimu, asalaam aleikum. Redioni nimesikia habari ya gavana wa kaunti moja ya bara: "Wawakilishi wadi wamempigia kura ya kutokuwa na imani, na sasa ameng'atuliwa." Mume wangu ashikilia kwamba ni "kutokuwa na imani kwake", mimi nasema "naye". Nani yuko sawa? – Msomaji, Langoni, Lamu

JIBU: Waaleikum salaam, dada yangu. Wewe uko sawa, na mume wako naye hajakosea. Imani, neno tulilolipata kwa Waarabu, huandamana na "na", na "kwa" pia. Katiba ya Tanzania, ibara ya 53A, hutumia "na": kutokuwa na imani na Waziri Mkuu. Kisichofaa ni "imani dhidi yake", kwa sababu kinachokuwa dhidi ya mtu ni hoja. Basi, hilo limekwisha. Linaloniudhi ni kwamba katika sentensi yote ile mmegombania mahali pazima, mkayapita majeraha.

"Wamempigia kura" kwanza. Ukimpigia mtu kura umemchagua. Mgombea akipita mitaani Mkomani au Faza huomba apigiwe kura, wala haombi kufukuzwa. Semeni "wamepiga kura ya kumwondoa".

Tena hiyo "kutokuwa na imani" si chombo cha kumwondolea gavana wa Kenya. Ni kura ya mabunge yanayoweza kuiangusha serikali kwa kuichoka tu, kama Uingereza tarehe 28 Machi 1979, serikali ya Waziri Mkuu Callaghan iliposhindwa kwa kura 311 dhidi ya 310. Gavana hushtakiwa. Ibara ya 181 ya Katiba ya 2010 imetaja sababu zake: kukiuka pakubwa Katiba au sheria nyingine, kushukiwa kwa msingi mzito kuwa ametenda uhalifu, kutumia vibaya mamlaka au utovu mkubwa wa maadili, na kutojiweza kimwili au kiakili. Kumchukia hakumo.

Haya, tufike kwenye "ameng'atuliwa", neno linalonikosesha raha kila msimu wa hoja hizi. Kung'atuka kumetoka Kizanaki, na aliyekutia midomoni mwetu ni Mwalimu Nyerere, alipoacha urais mwaka 1985 kwa hiari yake. Uzito wa neno zima uko kwenye hiari hiyo. Anayeng'atuka huinuka mwenyewe. Kumng'atua mtu ni sawa na kumstahi kwa kofi.

Najua lilikozaliwa kosa. Watu wameona ondoka na ondoa, banduka na bandua, inuka na inua, wakadhani kila kitenzi kinachoishia na -ka kina pacha wake aliyejificha. Si kila kimoja kinacho. Mtu akichoka hatusemi tumemchoa, twasema tumemchosha. Choa ni ugonjwa wa ngozi. Nitaambiwa neno limeshaenea. Limeenea, ndiyo, na hata choa huenea.

Kibaya zaidi ni wakati linapotumiwa. Lingetamkwa baada ya mtu kutoka ofisini ningelivumilia, kama ninavyovumilia "kutimuliwa", ingawa kwangu mimi vinavyotimuliwa ni vumbi na mbio. Na "kung'olewa" nalikubali kabisa, ila lina sharti ambalo kila nahodha wa Lamu alijua. Nanga haijang'oka mpaka iachane na tope. Kamba ikikazwa haijang'oka, ikitikisika haijang'oka, mabaharia wote kumi wakiivuta kwa wimbo bado haijang'oka, na atakayetweka tanga sasa hivi atajua. Waandishi wetu hutweka tanga siku ya kwanza.

Hebu tufuate utaratibu, tukichukua bunge la kaunti lenye wajumbe 20. Mjumbe humpa spika notisi ya hoja iliyoungwa mkono na angalau theluthi ya wajumbe wote, yaani 7. Hapo sema "hoja imewasilishwa". Ili ipite zatakiwa theluthi mbili za wajumbe wote, yaani 14. Wote, si waliohudhuria. Aliyebaki nyumbani na aliyesema la wamefanya kazi moja, na hapa ndipo ripoti nyingi huharibika hesabu. Zikifika 14, sema "bunge limepitisha hoja ya kumwondoa gavana". Usiongeze neno. Spika ana siku 2 za kuiarifu Seneti, baraza la pili la Bunge la Kenya linalowakilisha kaunti, Spika wa Seneti ana siku 7 za kuitisha kikao, mashtaka yaweza kupelekwa kwa kamati maalum ya maseneta 11, nayo ina siku 10 za kuleta ripoti. Muda wote huo gavana ni gavana, asaini na kupigiwa saluti. Seneti ikithibitisha shtaka kwa wingi wa kura za kaunti, ndipo "ameondolewa".

Mtazameni Kawira Mwangaza, aliyekuwa gavana wa Meru. Bunge la kaunti lilipitisha hoja mwaka 2022, likapitisha tena 2023, na Seneti ikamwachilia mara zote mbili. Kwa Kiswahili cha redio yako huyo alikwisha kung'atuliwa mara mbili naye akiwa bado kitini. Agosti 2024 Seneti ikamwondoa, na hata hapo mahakama ikasimamisha uamuzi ule hadi Machi 2025. Rigathi Gachagua vilevile: Bunge la Kitaifa lilipiga kura 281 kwa 44 tarehe 8 Oktoba 2024, lakini akabaki Naibu wa Rais mpaka Seneti ilipoamua tarehe 17.

Aliye tofauti ni spika wa bunge la kaunti, ambaye huchaguliwa na wajumbe hao hao bila yeye kuwa mmoja wao. Notisi yake huenda kwa karani, ikiwa na saini za theluthi ya wajumbe wote na sababu zilizoandikwa, naye apewe nafasi ya kujibu. Kura zitakiwazo ni asilimia 75 ya wajumbe wote, na hana Seneti ya kumngojea. Kwa spika huyo, mwandishi ana ruhusa ya kusema "ameondolewa" jioni ile ile, mradi katika wajumbe wetu 20 amehesabu 15, si 14.