Talaka iliyopangwa kupita kabla ya talaka: je, mke ameachika?

SWALI: Assalaam alaykum Sheikh. Sisi ni vijana wa Kondoa. Kuna nadharia ya kubuni tumekuwa tukiijadili baada ya swala ya Isha, kwamba wakati unajizunguka, jambo la kesho ndilo huzaa la jana, na kitu chaweza kujisababisha chenyewe. Mwenzetu akaitumia kwa mkewe: "Siku nikikuacha, ujue nimeshakuacha talaka tatu kabla yake." Alidai amejifunga, hataweza kuacha tena. Wiki iliyopita wakagombana, akamwambia, "Nimekuacha." Yeye anasema hakuna talaka. Mama mkwe anasema ni tatu. Ipi sahihi? Na nadharia yenyewe inaafiki itikadi yetu?

JIBU: Wa alaykumus salaam warahmatullah. Imepita talaka moja, yaani imeshika. Nalitanguliza hilo kwa kuwa eda inahesabika tangu siku ile, na mwenzenu anaishi na mkewe akidhani hakuna kilichobadilika.

Maneno aliyoyasema si mapya. Wanazuoni wa madhehebu yetu ya Shafi wameyajadili kwa zaidi ya miaka elfu moja kwa jina la mas-ala ya Suraijiyya, yakinasibishwa kwa Ibn Suraij wa Baghdad, aliyefariki mwaka 306 Hijria. Fundo lake ni hili: talaka ya leo ikipita, basi tatu zimeitangulia. Zikiwa zimeitangulia, mke hakuwa tena wa kuachwa, kwa hiyo ya leo haikupita. Na kama ya leo haikupita, sharti halikutimia, basi na zile tatu hazikupita. Hapo ndipo waliposema baadhi yao kwamba hapiti chochote. Al-Ghazali aliitetea rai hiyo kwa maandishi, kisha akarejea akaandika kinyume chake.

Imam Nawawi katika kitabu chake Minhaj ameyataja majibu yote matatu: inapita ile ya papo hapo peke yake, na imesemwa tatu, na imesemwa hakuna. La kwanza ndilo alilolitegemea. Mama mkwe basi hakubuni. Wanaosema tatu wanalifuta neno "kabla", wanaihesabu ya leo na kuikamilishia mbili kutoka kwenye zile zilizotundikwa juu ya sharti. Lakini wenye nguvu ya hoja ni wa kwanza. Talaka ya leo imetamkwa na mume mwenye akili, kwa mke aliye katika ndoa yake, hivyo haina kizuizi. Iliyotundikwa ndiyo yenye kasoro, kwa sababu ikipita inalivunja sharti lake yenyewe, na kinacholivunja sharti lake hakiwezi kusimama juu ya sharti hilo. Tena rai ya "hakuna" inaufunga mlango wa talaka ambao sheria imeuacha wazi. Al-Izz bin Abdissalam alifikia kusema kuwa kuifuata rai hiyo ni ufasiki. Mwenzenu asijifiche humo.

Hasira haimsaidii pia, maadamu alijua anachokisema.

Afanye hivi. Kama hii ni talaka yake ya kwanza au ya pili, na walikwishaingiliana, ni talaka rejea. Mke abaki nyumbani kwa mume (Suratut Talaq, aya ya 1), lakini mume asimguse mpaka amrejee kwa kutamka: "Nimekurejea katika ndoa yangu." Wengi huharibu hapa. Hurudiana kitandani wakidhani hiyo ndiyo rejea, ilhali kwetu Shafi rejea ni kwa tamko, na kumwingilia kabla yake ni haramu. Aweke mashahidi wawili, ni sunna, na baadaye huepusha ubishi. Mahari mpya hakuna.

Eda ya mwenye hedhi ni tohara tatu, yaani vipindi vitatu vya kuwa safi na hedhi. Aliyeachwa akiwa tohara, ile iliyobaki inahesabiwa ya kwanza, na eda huisha hedhi ya tatu inapoanza. Aliyeachwa akiwa katika hedhi, talaka inapita ingawa mume amepata dhambi, na eda huisha inapoanza hedhi ya nne. Asiyepata hedhi ni miezi mitatu, na mjamzito ni mpaka ajifungue. Eda ikiisha bila rejea, hawarudiani ila kwa ndoa mpya yenye walii, mashahidi, mahari na ridhaa ya mke.

Kuhusu itikadi, kuisoma nadharia hiyo kama hadithi ya kubuni hakuna ubaya. Kuiamini ndiko kusikowezekana, kwa sababu kitu kinachojisababisha lazima kiwepo kabla hakijakuwepo. Mzabibu wa Hombolo huoteshwa kwa pingili, lakini haujaoteshwa mzabibu kwa pingili iliyokatwa juu yake wenyewe. Wanazuoni wa tauhidi wanauita mzunguko huu dauri, na Qur'ani imeuliza: "Au wameumbwa pasipo kutokana na kitu chochote, au ni wao ndio waumbaji?" (At-Tur, 35). Wala msiseme kuandikwa kwa kadari miaka elfu hamsini kabla ya mbingu na ardhi, kama ilivyo katika hadithi ya Muslim, ni jambo la kesho kuizaa jana. Tendo lako halikuisababisha kalamu kuandika. Mwenyezi Mungu anajua yatakayokuwa bila kuyasubiri, na wewe unatenda kwa hiari yako na utaulizwa.

Mwenzenu aende kwa kadhi au ofisi ya wilaya ya BAKWATA (Baraza Kuu la Waislamu wa Tanzania), na mkewe afuatane naye. Waeleze maneno yote mawili kama yalivyotamkwa, tarehe ya ugomvi, kama mke alikuwa katika hedhi au tohara, na talaka zozote zilizotangulia. Hilo la mwisho asilifiche hata kidogo: kama aliwahi kumwacha mara mbili, hii ni ya tatu, na niliyoyasema juu ya rejea hayamhusu.

Wallahu aalam.