Subway iliizidi McDonald's kwa idadi ya maduka, si kwa mauzo

Je, Subway, kampuni ya Marekani ya maduka ya sandwichi, iliwahi kuipita McDonald's ya hambaga? Ndiyo, iliipita, lakini kwa idadi ya maduka tu: Marekani mwaka 2002, duniani mwishoni mwa 2010. Kwa mauzo McDonald's haijawahi kuguswa.

Siri ni gharama ndogo ya kufungua duka. Duka la Subway halina kikaango cha mafuta wala jiko la moto mkali, kwa hiyo halihitaji mitambo ya kutoa moshi. Mikate inakuja kama donge lililogandishwa, inaumuka na kuokwa palepale, basi hata kijichumba ndani ya kituo cha mafuta kinatosha. Mwanzilishi Fred DeLuca alianza mwaka 1965 kwa dola 1,000 za mshirika wake Peter Buck, na walipoanza kuuza leseni ya jina mwaka 1974 walikuwa na maduka 16 tu.

Ila angalia mkataba: mwenye duka huilipa kampuni asilimia 8 ya mauzo ghafi, na 4.5 ya matangazo. Ni ya mauzo, si ya faida! Duka la pili likifunguliwa mtaa wa pili, kampuni inavuna kotekote huku wenye maduka wakinyang'anyana wateja walewale. Hiyo ni sababu mojawapo ya maduka ya Subway nchini Marekani kushuka kutoka takriban 27,000 mwaka 2015 hadi karibu 20,000.