Nukta imekula shamba letu, ofisi kimya

SWALI: Habari wakili. Shamba aliloacha marehemu baba ni hekta 2 ila kwenye rejista wameandika 0.2, nimepeleka ombi la marekebisho miezi imepita naambiwa tu faili liko kwa bosi. Naweza kuwashtaki?

JIBU: Pole ndugu. Unaweza, ila usianzie huko. Andika barua nyingine, taja tarehe ya ombi la kwanza, ambatanisha ramani ya upimaji, wape muda wa kujibu, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa maana maneno ya kwenye korido hayana uzito mahakamani. Wakinyamaza panda kwa mkuu wao. Bado kimya? Hapo sasa ndo unaomba mahakama itoe amri ya kuwalazimisha watimize wajibu wao, wanasheria tunaiita mandamasi.

Ila wengi hawaelewi hapa, amri hiyo kwa kawaida inawabana watoe uamuzi tu, siyo lazima wakupe unachotaka, wakikukatalia kwa maandishi unakata rufaa na rufaa huwa na siku zake so usilale. Na kama kuna jirani anadai hicho kipande ni chake, hiyo siyo nukta tena, ni kesi ya umiliki.